Besi aliposhika mi: safari ya kodi ya sauti tatu hadi Hai

"Mzee, usishuke do. Kaa kwenye mi."

Ilikuwa Alhamisi jioni, mazoezi ya kwaya katika usharika mmoja wa Bomang'ombe, wilayani Hai, na malori ya barabara kuu ya Moshi na Arusha yalinguruma nje hata mwalimu akalazimika kurudia. Mzee wa besi alivua miwani. "Mwalimu, mi ni ya alto." Kwaya nzima ikacheka. "Ni ya alto siku zote, baba. Kwenye neno hili ni yako."

Wakaimba. Soprano do ya juu, alto so, tenor do, besi mi. Hakuna noti iliyoongezwa wala iliyopunguzwa, ni zile zile tatu walizoimba dakika moja kabla. Lakini wimbo uliokuwa umekaa kitako sasa ulikuwa umenyanyuka, kama mtu aliyeinua mguu na bado hajakanyaga. Mzee akarudisha miwani, akaandika kitu kwenye karatasi yake kwa penseli. Nilichungulia baadaye: alikuwa ameizungushia duara herufi m.

Wapiga gitaa na kinanda wa kwetu huita kitu hiki kodi, na si ile inayodaiwa na TRA. Kodi ya msingi ina noti tatu. Shika noti yoyote ya ngazi, ruka inayofuata, shika ya pili yake, ruka tena, shika nyingine: do, mi, so. Anzia so utapata so, ti, re. Anzia la utapata la, do, mi. Noti uliyoanzia ndiyo mzizi, na mzizi ukiwa chini kabisa kodi inasimama kwa miguu yote miwili. Besi akichukua noti ya katikati, kodi imegeuka mara ya kwanza. Akichukua ya juu, imegeuka mara ya pili. Sauti nyingine zinaweza kubadilishana nafasi zitakavyo, soprano akaimba so au do au mi, na kodi isihesabiwe kuwa imegeuka. Anayeamua ni besi peke yake. Kwa watu ambao kwaya nyingi huwaweka nyuma kwenye kona, ni madaraka makubwa.

Faida yake? Jaribu kumshusha besi kutoka do hadi so ukitumia kodi zilizosimama tu. Kwenye kodi ya so-ti-re atalazimika kuruka moja kwa moja mpaka so, kama mtu anayeshuka ukutani. Ukiigeuza kodi hiyo, besi anapata ti, hatua moja tu chini ya do, kisha la kwenye kodi ya la-do-mi, kisha so. Do, ti, la, so: ameteremka ngazi, na kumbe amepata wimbo wake mwenyewe.

Jambo hili waimbaji wa Ulaya walilifanya muda mrefu kabla ya mtu yeyote kulipa jina. Karne ya 16 watunzi walipanga sauti nne kwa ustadi mkubwa, lakini walihesabu umbali kutoka noti moja hadi nyingine, sauti juu ya sauti. Mwaka 1558 Gioseffo Zarlino, bingwa wa nadharia aliyefanya kazi Venice, alieleza kwamba uzuri wote wa kupatana kwa sauti umo ndani ya namba 1 hadi 6. Hakukosea sana. Ukiwa na sauti inayotetema mara 400 kwa sekunde, nyingine mara 500 na nyingine mara 600, umepata do, mi na so. Hiyo ni 4, 5, 6. Ukiishusha so iwe chini kabisa, itatetema mara 300, na uwiano unakuwa 3, 4, 5. Bado namba ni ndogo, bado sikio linaridhika, ila mizani imehama.

Tarumbeta isiyo na vitufe haina hata haja ya nadharia hiyo. Kaza midomo, puliza kwa nguvu zaidi, nayo inakupa do, so, do, mi, so, kwa mpangilio wa maumbile yenyewe. Ndiyo maana tarumbeta za jeshi zote duniani zinafanana: zinazunguka ndani ya kodi moja.

Jina lilikuja mwaka 1612, na aliyelitoa anapaswa kujulikana zaidi Kilimanjaro kuliko anavyojulikana. Johannes Lippius alikuwa mwanateolojia wa Kilutheri kutoka Strasbourg, na muziki alijifunza Leipzig kwa Sethus Calvisius, kiongozi wa muziki wa kanisa la Mtakatifu Thomas. Katika kitabu chake kidogo cha Kilatini aliziita noti hizo tatu "trias harmonica", utatu wenye upatano. Akaona hapo mfano wa Utatu Mtakatifu: sauti tatu, kitu kimoja. Akatambua pia kwamba noti hizo zikibadilishana nafasi, utatu unabaki ule ule. Alifariki mwaka huo huo, akiwa na miaka 27, njiani kurudi kwao.

Miaka 110 baadaye, mwaka 1722, Mfaransa Jean-Philippe Rameau, mpiga kinanda cha kanisa, alichapisha Paris kitabu kikubwa cha kodi. Hadi wakati ule wapiga vinanda walikuwa wakisoma besi iliyoandikiwa tarakimu, 6 hapa, 6 na 4 pale, na kila tarakimu ilikuwa somo lake la kukariri. Rameau akasema msikariri mambo mengi bure. Tafuteni mzizi. Do-mi-so, mi-so-do, so-do-mi, zote zina mzizi mmoja, hata kama mzizi wenyewe hauko chini. Somo zima likawa jepesi, na vitabu vya shule tangu hapo humfuata yeye.

Si wote waliomfuata. Johann Sebastian Bach, aliyeingia Leipzig mwaka 1723 kushika kiti kile kile cha Calvisius, alifundisha kwa besi. Mwanawe Carl Philipp Emanuel aliandika baadaye kwamba misingi ya baba yake na yake mwenyewe ilikuwa kinyume na ya Rameau. Ukiitazama kazi ya Bach ya kupanga tenzi za Kilutheri kwa sauti nne, ambayo mkusanyo wake wa nyimbo 371 ulitoka kati ya 1784 na 1787, unaelewa ugomvi uko wapi. Kwa Rameau, kodi iliyogeuka ni ile ile. Kwa Bach, besi akihama, kila kitu kimehama. Mimi niko upande wa Bach, na sababu nitaisema huko mbele.

Leipzig ndiyo inayotuleta nyumbani. Wamisionari Waingereza wa shirika la CMS walikuwa wameanza kazi Moshi mwaka 1885 na wakaondoka mwaka 1892. Mwaka uliofuata wakafika wamisionari wa Leipzig, wakajenga kituo chao cha kwanza Machame, kisha Mamba mwaka 1894 na Moshi ya Kale mwaka 1896. Upande wa Wakatoliki, Shirika la Roho Mtakatifu lilikuwa limeshika Kilema tangu mwanzoni mwa miaka hiyo ya 1890. Vituo vyote hivyo vilikuwa juu, kwenye migomba. Huku chini kwetu, penye jua na vumbi, jina la Bomang'ombe linatosha kukueleza palikuwa na nini. Mji ulikua baadaye, watu waliposhuka kutoka Machame, Masama na Siha, na walishuka na nyimbo zao.

Nyimbo hizo zilikuwa za sauti nne. Mjerumani hakuleta darasa la kodi, alileta tenzi ambazo kodi zimo ndani yake, zilizosimama na zilizogeuka, na watu wakazipokea kwa sikio, kila mmoja sauti yake. Serikali ya Kiingereza ilipowaondoa Wajerumani mwaka 1920, sharika zilibaki mikononi mwa walimu na wazee wenyeji, na nyimbo zilibaki nao. Kanisa la Kiinjili la Kilutheri Tanzania (KKKT) lilipoundwa mwaka 1963, chini ya Stefano Moshi, sauti nne hazikuwa tena kitu cha mgeni. Vizazi vilikuwa vimekulia ndani yake.

Kitu kingine kilichotoka Ujerumani ni matarumbeta. Mila ya vikundi vya kanisa vya wapulizaji ilienea huko katikati ya karne ya 19, na mchungaji Johannes Kuhlo ndiye aliyeipa sura yake. Aliwafundisha wapulizaji kusoma noti kama zilivyoandikwa kwa ajili ya kinanda, bila kuzihamisha, ili kikundi kifungue kitabu cha tenzi na kupiga moja kwa moja, soprano, alto, tenor, besi. Anayetaka kusikia kodi iliyogeuka ikipita angani aende kwenye sikukuu yenye matarumbeta huku mlimani, asogee karibu na yule anayebeba chombo kikubwa kuliko vyote.

Lakini kama vitu vyenyewe tunavyo tangu zamani, kwa nini majina hatuna? Mwalimu wa kwaya atakwambia "geuza kodi", kijana wa kinanda atasema "inveshen", mzee wa besi atasema "ile ya mi". Nadhani sababu ni solfa.

Solfa tunayotumia, ile ya herufi d r m f s l t, ilianzishwa na Sarah Glover, mwalimu wa Norwich, Uingereza, na John Curwen akaieneza tangu miaka ya 1840. Haihitaji mistari mitano wala kiwanda cha kuchapa noti. Ilihitaji taipureta, karatasi ya stenseli na wino. Ndiyo maana ilitapakaa Afrika. Enoch Sontonga, mwalimu wa Johannesburg, aliutunga mwaka 1897, kwa solfa, wimbo ambao tangu 1961 tumeufanya wimbo wetu wa taifa.

Ila solfa humsomesha mtu mstari wake. Soprano anasoma mlalo, besi anasoma mlalo, kila mmoja anashika njia yake kama siafu. Kodi ni kitu cha wima, inaonekana tu kwa anayesoma mistari yote minne kwa pamoja, naye huwa ni mwalimu. Wengine wote wanaijenga kila Jumapili bila kuiona. Silaumu. Mtu anaweza kula ndizi za kitalolo maisha yake yote bila kuwahi kuulizwa zimeungwa kwa kitu gani.

Tena Ulaya haikuleta upatano wa sauti kwenye nchi isiyokuwa nao. Wagogo wa Dodoma wana mfumo wao wa kuimba kwa sauti kadhaa, uliojengwa juu ya zile zile noti za maumbile ambazo tarumbeta huzitoa. Hukwe Zawose aliuzungusha duniani hadi alipofariki mwaka 2003. Sauti zao husafiri pamoja, zikipanda zinapanda zote, jambo ambalo vitabu vya Ulaya hulipiga marufuku kwa umbali fulani wa noti. Padre Stephen Mbunga aliandika mwaka 1963 kutetea muziki wa Kibantu kanisani. Na huko kwenye chuo cha teolojia cha Makumira, mwendo wa saa moja hivi kutoka hapa kwa basi, Bernard Kyamanywa aliandika mwaka 1966, akiwa bado mwanafunzi, wimbo wa Pasaka kwa tuni ya Kihaya, ambao leo umo katika vitabu vya nyimbo vya Marekani na Ulaya. Safari ya tenzi imekuwa ya kwenda na kurudi.

Sasa nifike kwenye lalamiko langu. Kinanda cha umeme chenye midundo, kile kinachobebwa begani kwenda harusini, kina akili ya Rameau ndani yake. Mpigaji anabonyeza kodi kwa mkono wa kushoto, mashine inatafuta mzizi, kisha inapiga ngoma na besi yenyewe. Bonyeza do-mi-so, au mi-so-do, au so-do-mi: kwa mtindo ambao vijana wengi wamekiweka, besi ya mashine itapiga do ile ile. Kwa kanuni za mwaka 1722 haina kosa hata moja. Kwa mzee wetu wa besi ni msiba. Yeye anashika mi, spika inamjibu do kwa sauti mara kumi ya yake, na ule mguu ulioinuliwa unakanyagishwa kwa nguvu. Nimesikia kwaya nzuri ambazo besi wake wameacha kabisa kujisumbua. Wanafuata spika.

Ndivyo ilivyotokea hata Alhamisi ile. Kijana wa kinanda alifika amechelewa, akasalimia shikamoo za haraka haraka, akachomeka waya. Wakarudia ubeti. Walipofika kwenye neno lile nilimwona mzee akifungua mdomo, shingo imekaza, kidole kiko kwenye duara la penseli, lakini nilichosikia ni do.

Mwalimu akainua mkono, wakanyamaza.

"Kijana, toa mkono wa kushoto."

"Wote, mwalimu?"

"Wote. Baba, tupe mi."