Kutu ya Ngano

Waithaka, pembezoni mwa Nairobi, hakulimwi ngano. Vipande vya shamba vilivyosalia kati ya nyumba za kupangisha vina sukuma wiki, mahindi, migomba na nyasi za kulishia ng'ombe. Ngano hufika ikiwa imeshasagwa, na wauza chapati huikanda kabla hakujapambazuka. Hata hivyo, sehemu ya historia ya unga huo iko jirani. Kule Kabete, kando ya Waiyaki Way, kuna majengo yaliyoanza kama sanatoria ya kupumzishia wagonjwa, na katika miaka ya 1920 yakageuzwa kuwa maabara ya kilimo, Scott Agricultural Laboratories. Siku hizi yako chini ya KALRO, shirika la taifa la utafiti wa kilimo na mifugo. Humo ndani, miongoni mwa mambo mengine, ilichunguzwa kutu ya ngano.

Kutu ya shina, aina moja ya kutu hiyo, ni kuvu. Huingia kupitia matundu madogo ambayo mmea hupumulia, hujichimbia ndani, kisha hupasua ngozi ya shina na kutoa vumbi la rangi ya matofali. Kila chembe ya vumbi hilo ni spora inayoweza kuanzisha ugonjwa upya, na upepo unaweza kuibeba kilomita nyingi mno. Chakula kilichokuwa kikipanda kwenye suke huliwa njiani. Shamba lililokuwa la kijani na lenye matumaini huvunwa majuma machache baadaye likiwa na mashina yaliyolala na punje zilizosinyaa, ambazo msagaji hazitaki.

Mlowezi Lord Delamere aliujua ugonjwa huu kwa hasara. Mwaka 1903 serikali ya kikoloni ilimpa ekari 100,000 huko Njoro, katika nchi ambayo Wamaasai walikuwa wakilisha mifugo yao. Alianza na kondoo, wakafa. Akageukia ngano, na mwaka 1908 akawa miongoni mwa walioanzisha kampuni ya Unga, ambayo jina lake lingali kwenye pakiti dukani. Kabla biashara haijashika, kutu ikapita mashambani. Delamere akafanya jambo ambalo naona lilikuwa la busara kuliko mengi aliyoyafanya: akaajiri mtu wa kuzalisha mbegu, G. W. Evans, akaagiza ngano kutoka Italia, Australia na Misri, nazo zikachanganywa hapo hapo Njoro kutafuta mche utakaosimama. Serikali ilikuja kuifuata njia hiyo. Mwaka 1927 ikafungua kituo cha kuzalisha mbegu za ngano Njoro, na kituo hicho kingalipo.

Ila mbegu zilizosimama msimu huu zilianguka msimu uliofuata, na hapo ndipo Kabete ilipoingia. Huko Minnesota, Marekani, mtaalamu wa magonjwa ya mimea E. C. Stakman alikuwa ameonyesha kwamba kutu ya shina ina mbari nyingi zinazofanana kwa macho, kila mbari ikiwa na ngano inazoziweza na zinazoishinda. J. McDonald, mtaalamu wa kuvu wa Kabete, akathibitisha mwanzoni mwa miaka ya 1930 kwamba mbari hizo zipo Afrika pia. Kwa hiyo mbegu haikuwa imechoka, kama wakulima walivyodhani. Adui mwingine alikuwa amekuja, naye alikuwa na ufunguo wa mlango ule ule.

Nyanda za juu za Kenya ziliwapa maadui hao makao mazuri kupita kiasi. Kule Ulaya ya kaskazini kutu ya shina kwa kawaida haivuki majira ya baridi kwenye ngano, na hulazimika kuanza upya. Huku kwetu, kutoka Narok hadi Timau na Uasin Gishu, mwinuko na mvua hutofautiana, kwa hiyo karibu mwezi wowote kuna ngano mbichi mahali fulani. Kuvu haijui njaa. Nchi yenye adha hiyo ilijikuta pia na mbegu ngumu, maana dhaifu zilishafutwa. Baadhi zilivuka bahari. Norman Borlaug, mwanafunzi wa Stakman, alizitumia Meksiko; moja ya ngano zake za awali, Kentana 48, ilibeba katika jina lake Kenya na Mentana, ngano ya Kiitalia. Mwaka 1970 alipewa Tuzo ya Nobeli ya Amani. Wengi huikumbuka tuzo hiyo na kusahau mzazi aliyetoka Kenya.

Kisha dunia ikastarehe. Jeni moja iliyotolewa kwenye rai, jamaa ya ngano, iitwayo Sr31, ilizuia kutu vizuri kiasi kwamba ilienezwa katika ngano za mabara kadhaa. Mwaka 1998, katika kituo cha Kalengyere, kusini magharibi mwa Uganda, mtafiti William Wagoire aliona kutu kwenye ngano zilizokuwa na jeni hiyo. Sampuli zilipelekwa Afrika Kusini, na mbari hiyo ikaitwa Ug99. Ilionekana Kenya, ikaingia Ethiopia, mwaka 2006 ikapatikana Yemen na mwaka uliofuata Iran.

Borlaug alikuwa na miaka 91 alipokuja Kenya mwaka 2005 kuhimiza vita hii, na Septemba mwaka huo mpango wa kimataifa wa kupambana na kutu ulizinduliwa Nairobi. Mbari yenyewe haikungoja hotuba. Mwaka 2006 ilipatikana humu nchini sura yake mpya iliyoweza jeni nyingine, Sr24, na mwaka 2007 wakulima waliopanda Kenya Mwamba, mbegu iliyoitegemea jeni hiyo, walipata pigo kubwa. Robin, iliyotolewa baada ya hapo ikisifiwa sana, nayo ilishambuliwa mwaka 2014. Mwenye pesa hunyunyuzia dawa ya kuvu, pengine zaidi ya mara moja kwa msimu. Mwenye ekari mbili huhesabu gharama na kuomba mvua isiwe nyingi.

Watafiti wa Njoro wanajitahidi kuacha kutegemea jeni moja kubwa. Wanakusanya jeni kadhaa ndogo, ambazo kila moja hupunguza tu kasi ya kuvu, ili kutu ikiipita moja ikwame kwa nyingine. Ili kuzipima hupanda mistari ya ngano dhaifu kandokando ya majaribio na kuidunga spora kwa sindano, ugonjwa uenee kwa makusudi juu ya maelfu ya mbegu zinazoletwa kutoka India, Ethiopia, Meksiko na kwingineko. Nyingi hushindwa. Zinazobaki na mashina safi huandikwa, na baadhi huvunwa na kurudishwa kwao.