Kiboko Ana Masikio

Bibi mmoja wa Tanga, alipotazama video ya harusi niliyompigia mjukuu wake, aliniuliza: "Mwanangu, taarabu juu ya dua?" Nikaiondoa taarabu hiyo. Tangu siku hiyo namwelewa mtengeneza filamu Jean Rouch.

Mfaransa huyu alifika Niger mwaka 1941 akiwa mhandisi wa barabara, akakutana na Damouré Zika, kijana wa Wasorko, jamii ya wavuvi wa mtoni, aliyekuja kuwa mwenzake wa kazi. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 alipiga filamu ya wawindaji wa viboko katika Mto Niger, kisha akairudisha kijijini Ayorou ili wenyewe waione. Wakamrudi: muziki wa nini hapa? Alikuwa amepachika wimbo wa wawindaji kwenye kilele cha mawindo. Kiboko ana masikio, wakamwambia, mwindaji hunyamaza. Rouch akauondoa.

Filamu yake ya "Jaguar" ilikwenda mbali zaidi. Damouré na rafiki zake Lam na Illo waliigiza safari ya vijana waendao kutafuta kazi Gold Coast, Ghana ya leo. Picha zilipigwa bila sauti. Baadaye wakazitazama na kuzisimulia wenyewe, kwa mizaha yao. Ilitoka mwaka 1967.

Mtengeneza filamu wa Senegal, Ousmane Sembène, hakuridhika. Mwaka 1965 alimwambia Rouch ana kwa ana kwamba anawatazama Waafrika kama wadudu. Lawama hiyo ina uzito, maana kamera ilibaki mkononi mwa Mfaransa. Hata hivyo, mpiga picha asiyekubali kusahihishwa na anaowapiga bado hajaijua kazi.