Wacheza Nyoka na Wapiga Filamu: Wanyama katika Sanaa ya Usukuma

Mwaka 1959 filamu ya Bernhard Grzimek na mwanawe Michael juu ya Serengeti ilianza kuonyeshwa Ulaya, na mwaka 1960 ikatunukiwa Oscar huko Marekani. Baba na mwana waliruka juu ya mbuga kwa ndege iliyopakwa milia ya punda milia, wakihesabu wanyama na kuwapiga picha. Michael hakuiona tuzo. Tarehe 10 Januari, 1959, ndege yake iligongana na tumbusi, akafa. Kazi yao ilikuwa ya ushujaa, wala haifai kubezwa. Hata hivyo, machoni pa watengenezaji wake, mfugaji na ng'ombe wake walikuwa tishio kwa mbuga. Na mwaka huo huo wa 1959 Wamasai waliondolewa Serengeti.

Magharibi ya mbuga hiyo iko nchi ya Wasukuma, inayoenea hadi Shinyanga na Geita. Huko, kabla ya kamera hizo kufika, wanyama walikuwa wamekwisha kuchunguzwa na kuchorwa na wenyeji. Chama cha siri cha Buyeye kilikuwa cha wacheza nyoka. Wanachama wake, yaani Bayeye, walijifunza tabia za nyoka ili wapate kuwakamata, kucheza nao ngomani, na kuwatibu watu walioumwa. Anayemshika nyoka kwa mkono hana budi kumtazama kwa makini kuliko anayemtazama kutoka angani! Katika nyumba walimofundwa wanachama wapya, kuta zilichorwa nyoka, watu na viumbe wengine. Humo binadamu hakuondolewa pichani. Alikuwamo pamoja na nyoka wake.

Michoro hiyo tunaifahamu hasa kwa kitabu cha Hans Cory, mtaalamu wa elimu ya jamii katika serikali ya kikoloni, kilichochapishwa London mwaka 1953. Hivyo siri ya Bayeye ilihifadhiwa kwa kutolewa nje, tena katika lugha ya kigeni. Filamu ya Serengeti hunakiliwa na kutazamwa upya, lakini ukuta wa udongo ukianguka, umeanguka na picha zake.

Ngoma imedumu kuliko kuta. Kila mwaka, katika sikukuu ya Bulabo huko Bujora karibu na Mwanza, wachezaji huingia uwanjani na chatu hai, na safari hii wenye kamera ndio wanaorudi nyuma.