Naltreksoni: Dawa Inayoifungia Heroini Njia

Mwaka 1935 serikali ya Marekani ilifungua mjini Lexington, Kentucky, hospitali ya waraibu iliyokuwa pia gereza. Humo daktari Abraham Wikler aliona jambo la ajabu: watu waliokwisha kumaliza arosto, yaani mateso ya kuacha dawa za kulevya, miezi mingi nyuma, wakikaa kikundini na kuzungumzia unga, yaani heroini, walianza kupiga miayo na kutokwa na machozi na kamasi, kana kwamba arosto imewarudia. Wikler akaamini kwamba uraibu ni mazoea ambayo mwili umejifunza. Mtu akijidunga mara kwa mara asipate chochote, mazoea hayo yatakufa.

Ilibakia kupata dawa ya kuizuia heroini isifanye kazi. Naloksoni, dawa ya namna hiyo iliyosajiliwa hataza mwaka 1961, huisha nguvu upesi. Naltreksoni, iliyotengenezwa baadaye katika maabara za Endo huko New York, ilidumu zaidi. Hukaa mahali pale pale ubongoni panapopokea heroini, lakini haileweshi. Heroini ikija, inakuta kiti kimekaliwa. Mwaka 1973 William Martin na wenzake wa Lexington walionyesha kuwa miligramu 50 kwa siku zinatosha. Waliojaribiwa walikuwa wafungwa, na mfungwa hana uhuru kamili wa kukataa. Deni hilo tusilisahau kila tunapoisifu dawa hii.

Iliidhinishwa mwaka 1984, na hapo ugumu ukajitokeza. Kidonge hakiondoi arosto. Kikinywewa mapema, kabla ya kutimia siku 7 hadi 10 bila unga, kitaleta arosto kali kwa ghafla. Tena anayekiacha leo anaweza kurudia unga kesho kutwa, na mwili uliopoteza uzoefu unaweza kuuawa na kipimo kile kile cha zamani. Madaktari waliokuwa waraibu, wakihofia kunyang'anywa leseni, walikinywa vizuri. Wengi wengine waliacha.

Mwaka 2010 ikaidhinishwa sindano ya naltreksoni ya mara moja kwa mwezi, kwa kutegemea utafiti wa wagonjwa 250 nchini Urusi, ambako methadoni, dawa nyingine ya kutibu uraibu, imepigwa marufuku. Kati yao, waliopata dawa walilinganishwa na waliodungwa sindano isiyo na dawa. Kwangu mimi ulinganisho huo ulikuwa mwepesi mno. Marekani baadaye iliipambanisha sindano hiyo na buprenofini, dawa nyingine ya kutibu uraibu. Walioianza walifanya vizuri karibu sawa na wenzao. Lakini kati ya 283 waliopangiwa sindano, 79 hawakuipata hata ya kwanza, wengi wao wakishindwa kuvuka zile siku za arosto.