Steven Kanumba: Kutoka Tamthilia ya Runinga hadi Utunzi wa Filamu
Wahakiki wa Kiswahili tumezoea kumtazama Steven Kanumba (1984–2012), mzaliwa wa Shinyanga, kama nyota, si kama mtunzi. Mwaka 2002 alijiunga na kundi la sanaa la Kaole, akaigiza katika tamthilia za runinga *Jahazi* na *Dira*. Baadaye akawa pia mwandishi, mwongozaji na mtayarishaji wa filamu. *Dar 2 Lagos* (2006) ilimkutanisha na waigizaji wa Nijeria. Katika anwani hiyo tarakimu 2 si idadi bali ni kihusishi cha Kiingereza. Lawama kwamba anwani za namna hii zinakisaliti Kiswahili, ambazo nami niliwahi kuzitoa darasani, hupuuza mazungumzo ya filamu zake, ambayo kwa sehemu kubwa ni ya Kiswahili. Hayo ndiyo matini ya kuhakikiwa.