Kabichi Chachu Iliyowalinda Mabaharia

Mkulima mwenzangu, bei ya kabichi ikianguka, usiiache ioze shambani. Mwaka 1768 nahodha James Cook wa Uingereza alipakia melini zaidi ya tani 3 za kabichi iliyochachushwa kwa chumvi, kinga ya kiseyeye, ugonjwa wa fizi kuvuja damu uliokuwa ukiua mabaharia. Mwanzoni mabaharia waliikataa. Cook akaagiza iandaliwe kila siku mezani kwa maofisa. Muda si mrefu kila mmoja akaitaka.

Nawe katakata kabichi, kila kilo 1 itie gramu 20 za chumvi, ikandamize izame katika maji yake, uiache wiki 2 hadi 3. Kaanga na kitunguu na kijiko cha sukari. Ukiipeleka sokoni, anza kuila wewe mbele ya wateja.