Kutoka Amani hadi Nagongera: Safari ya Mtafiti wa Virusi vya Muhogo

Virusi vinapotajwa nchini Uganda, wengi wetu hukumbuka Entebbe, ambako watafiti waligundua virusi vya Zika mwaka 1947. Katika insha hii nimechagua virusi visivyomwambukiza binadamu lakini vilivyomnyima chakula, yaani virusi vya batobato ya muhogo. Nitafuatilia maisha ya kitaaluma ya Dkt. George William Otim-Nape, Mganda aliyevitafiti. Hoja yangu ni kwamba historia ya mtafiti haiandikwi kwa kuorodhesha shahada zake pekee. Ni lazima tuangalie pia kazi aliyoirithi kwa waliomtangulia na kilichotokea shambani kwa mkulima.

Hapa Nagongera, wilayani Tororo, muhogo si chakula cha akiba tu. Unga wake huchanganywa na wa wimbi au mtama kupika ugali, na mvua ikikosea, shamba la muhogo ndilo hulisha nyumba. Batobato hukunja majani, huyatia madoa ya njano na kudumaza mizizi. Huenezwa na nzi weupe, wadudu wadogo wanaokaa chini ya majani. Huenezwa pia na mkulima mwenyewe bila kujua, kwa sababu muhogo hupandwa kwa pingili. Ukiomba pingili kwa jirani na zikawa na virusi, umepanda ugonjwa.

Ugonjwa wenyewe ni wa zamani. Mwaka 1894 Mjerumani Warburg aliueleza kutoka Usambara, katika Tanzania ya leo. Baadaye, katika kituo cha utafiti cha Amani kwenye milima hiyo hiyo, Mwingereza H. H. Storey alichunguza virusi vya mimea ya Afrika Mashariki. Mwaka 1938 yeye na mwenzake Nichols walichapisha uchunguzi wao juu ya batobato. Huko Amani muhogo ulichanganywa na ndugu yake, mti wa mpira wa Ceará, ili kupata mahuluti yanayostahimili ugonjwa.

Otim-Nape hakuanza na virusi. Mwaka 1980 alichapisha makala kuhusu ugonjwa wa bakteria wa muhogo nchini Uganda. Kilichobadili mwelekeo wake ni msiba wa taifa. Mwishoni mwa miaka ya 1980 batobato kali ilizuka Luweero, ikaanza kusambaa kwa kasi ya takriban kilomita 20 hadi 30 kwa mwaka. Huko mashariki, mbegu ya kienyeji iliyopendwa sana, Ebwanateraka, iliangamia. Wilaya nyingine ziliacha kabisa kulima muhogo, na njaa ikafuata. Kufikia katikati ya miaka ya 1990 ugonjwa ulikuwa umeshapita upande wetu wa mpaka na kuingia magharibi mwa Kenya.

Wakati huo Otim-Nape aliongoza utafiti wa muhogo huko Namulonge, kituo kilichoanzishwa zamani za ukoloni kwa ajili ya pamba. Yeye na wenzake walipita wilaya kwa wilaya wakihesabu mimea iliyougua. Kazi hiyo ndiyo iliyozaa tasnifu yake ya uzamivu kuhusu mwenendo wa virusi vya batobato nchini Uganda, aliyoiwasilisha Chuo Kikuu cha Reading, Uingereza, mwaka 1993. Basi shahada ilitolewa ng'ambo, lakini maarifa yake yalichumwa katika mashamba ya Uganda. Mwaka 1997 wanasayansi walithibitisha kwamba virusi vilivyohusika vilikuwa vipya, vilivyotokana na kuungana kwa vipande vya virusi viwili vya awali.

Je, tiba ilitoka wapi? Virusi vya mimea havina dawa ya kunyunyiza. Kilichosaidia ni mbegu zinazostahimili, na hapa historia inarudi Amani. Mbegu za mahuluti ya Amani zilipelekwa Nigeria katika miaka ya 1950. Taasisi ya IITA ya Ibadan ilizitumia baadaye kuzalisha aina mpya, mojawapo ikiitwa TMS 30572. Timu ya Namulonge iliijaribu aina hiyo, ikaizidisha na kuisambaza kwa wakulima ikiitwa Nase 3, au Migyera.

Wapo watakaosema kwamba sifa ni za Storey au za Ibadan, na kwamba Otim-Nape alisambaza tu. Sikubaliani nao. Mbegu nzuri iliyobaki kituoni haimshibishi mtu. Ilihitajika mtu wa kujua ugonjwa umefika wapi, upelekwe msaada wapi kwanza, na mkulima atakubali kula mbegu gani. Wazee niliozungumza nao kijijini kwetu wanaikumbuka Migyera, lakini jina la mtafiti hawalijui. Kwa mwanahistoria, pengo hilo ni kazi ya kufanywa.

Hata hivyo, ushindi ule haukuwa wa kudumu. Mwaka 2004 ugonjwa wa michirizi ya kahawia, ambao Storey aliueleza mwaka 1936, ulionekana tena Uganda. Huu huozesha mizizi ardhini huku majani yakionekana karibu mazima, na aina zilizoshinda batobato hazikuweza kuuhimili. Mwaka 2007 Titus Alicai na wenzake walichapisha taarifa yake, na kizazi kingine cha watafiti kikaanza kazi.

Kwa kuhitimisha, maisha ya kitaaluma ya Otim-Nape ni pingili moja katika mmea mrefu. Sisi tunaosoma Kiswahili na historia hatutatengeneza mbegu, lakini tunaweza kukusanya majina ya mbegu za kienyeji zilizopotea na masimulizi ya miaka ile ya njaa. Wanaoyakumbuka bado wapo vijijini mwetu, na wanazidi kuzeeka.